Uso Wangu, Mdomo Wako

Nang Loeng, Bangkok
Januari 20, mwaka wa Buddha 2501

Dada Thongsai,

Nakuamkia kwa mikono miwili, na nikishamaliza kukuamkia nina ugomvi na wewe.

Leo asubuhi nilikwenda sokoni kununua samaki. Muuzaji alinitazama, akafunika beseni lake kwa jani la mgomba, akasema, "Sikuuzii. Utakwenda kumtilia sumu mke mwenzio." Nikamwambia, mama, mimi mwigizaji tu, sina mke mwenza, hata mume sina. Akasema, "Ndiyo, ulishamuua." Soko zima likacheka. Nimekula wali na yai. Hayo nimeyazoea. Mwaka wa tisa huu nafanya kazi ya uovu, nimewasukuma mabinti wema visimani mara sita, na jina langu kwenye bango bado linakaa chini kabisa, karibu na jina la mpiga chapa.

Nisichoweza kukizoea ni barua ya Mama, aliyomwandikisha mwalimu. Anasema Phikun amekataa kuja kukaa nami. Nimekodi vyumba viwili, nimenunua kitanda kidogo na chandarua, nimepata nafasi katika shule itakayofunguliwa katikati ya Mei, na mwanangu wa miaka saba anasema hataki kuishi na yule mwanamke anayewachapa yatima. Ameniona mwezi uliopita hapo hekaluni Yasothon, kwenye senema ya gari lenu la dawa. Mama anasema alijifunika mkeka mpaka onyesho likaisha.

Sasa nikuulize. Filamu zetu hazina sauti. Mimi nikipigwa picha natikisa midomo tu, na msomaji amekaa nyuma ya kamera ananisomea maneno. Hakuna mtu katika nchi hii aliyewahi kunisikia. Kila neno linalotoka kinywani mwangu huko kwetu unalitia wewe, umekaa kando ya mashine na maikrofoni yako. Basi ni nani aliyemwambia yule yatima, "Nitakuchuna ngozi niwambe ngoma"? Mimi sikusema hivyo. Mwandishi hakuandika hivyo, nimeangalia.

Mkirudi Yasothon nifanye mwema. Mji mmoja tu, sikuombi zaidi.

Mdogo wako,
Bualoi


Posta ya Surin
Februari 4

Bualoi,

Barua yako nimeipata. Ilikuwa imenisubiri hapa siku nane na karani ameshaisoma, maana aliponikabidhi aliniuliza kama ni kweli huna mume.

Sasa sikiliza. Mimi ni sauti ya shujaa, ya bibi arusi, ya baba mkwe, ya jambazi, ya mbwa na ya mvua. Na yako. Saa tatu nzima kila onyesho, koo moja, na koo lenyewe mwezi huu linakohoa. Kati ya mkanda na mkanda nasimama na chupa mkononi nauza dawa ya minyoo ya bwana Heng, kwa sababu watu wanaingia bure, na dawa isiponunuliwa mkanda unaofuata hauwekwi. Wewe uko huko unapakwa poda.

Kukufanya mwema? Nielekeze. Picha inakuonyesha unamimina kitu kwenye supu ya mgonjwa. Unatazama kushoto, unatazama kulia, halafu unatabasamu. Nyusi umezichora mpaka karibu na masikio. Niseme nini hapo, kwamba unaongeza chumvi? Watu wana macho, mdogo wangu. Yale maneno ya ngozi na ngoma niliyatia Buriram, siku watu walipokuwa wanasinzia. Waliamka, wakakuzomea, wakanunua kreti mbili. Uovu wako ndio unaotulisha huku.

Na kwa kuwa umeanza wewe, acha nimalizie. Mtoto ulimwacha kwa Mama akiwa na miezi kumi. Umekuja kumwona mara moja, akiwa na homa hata hajitambui, ukakaa siku mbili, ukarudi kumsukuma mtu kisimani. Mimi ananijua kwa sababu gari hupita Yasothon mara tatu kwa mwaka. Wewe anakujua kwenye kitambaa cha senema. Usinitwishe peke yangu gunia tulilolijaza wawili.

Dada yako,
Thongsai


Bangkok
Februari 15

Dada,

Barua yako nimeisoma mara mbili. Baada ya mara ya kwanza niliitupa.

Ni kweli nimekuja mara moja. Lakini kazi hii unaijua. Napiga filamu nne kwa mpigo, asubuhi nakufa ng'ambo ya mto, mchana nafufuka mjini kwenda kumpora mtu mchumba. Nikiomba ruhusa ya siku tatu, mwongozaji wetu bwana Sanoh anasema wanawake wenye sura mbaya ya moyo wamejaa tele, yeye atampata mmoja kituo cha basi. Na ningeacha, nani angemnunulia Phikun maziwa? Yule baba yake aliyehamia Songkhla na bendi yake bila hata kuaga?

Wewe unafikiri nataka kusifiwa. Sitaki sifa. Shule ikifunguliwa bila yeye, Mama atamwandikisha huko huko, na mambo yatakuwa yamekwisha. Mtoto wa miaka saba bado anaweza kujifunza kuwa wangu. Akifika kumi hawezi tena, atanifanya mgeni na kuniletea maji ya kunywa kwa adabu. Hilo siliwezi.

Sema naongeza chumvi. Sema lolote. Wewe uliyewahi kumfanya nyati alie kama binadamu watu wakatoa leso, hushindwi na mimi.

Bualoi


Roi Et
Machi 9

Bualoi,

Umeshinda, sasa nyamaza unisikilize.

Tumekaa Yasothon siku tano, filamu zako nne na moja ya mazimwi. Sumu nimeigeuza dawa ya minyoo ya bwana Heng. Nikakupa sauti ya upole, "Maskini huyu ana minyoo na dawa anaikataa, ngoja nimtilie kwa siri apate kupona." Tatizo ni kwamba kwenye picha anakufa. Nikasema amepata usingizi, hajalala vizuri miezi mingi. Mumewe analia juu ya maiti. Nikasema analia kwa furaha. Mzee mmoja nyuma akapiga kelele, "Mbona wanamchoma?" Nikajibu kwamba wanamfukizia mbu. Watu walicheka mpaka wengine wakaanguka kwenye benchi. Ule mjeledi nao ulikuwa wa kumfukuzia yatima nyuki. Mimi nimefanya kazi hii miaka kumi na minne na sijawahi kuaibika hivyo mbele ya majirani zangu. Bwana Heng ameuza kreti saba, ananiuliza kama naweza kuifanya hiyo kila mji. Nimemwambia kila mji hauna mpwa wangu.

Siku ya kwanza Phikun hakutaka hata kutoka nyumbani. Siku ya pili alikaa nyuma, kashika kanga ya bibi yake. Siku ya tano alikuwa mbele kabisa, anakuzungumzisha. Njia niliyotumia usiniulize, uliniomba matokeo na matokeo umepata. Amesema mwenyewe, mbele ya Mama, kwamba anataka kwenda kukaa na mama yake.

Njoo umchukue siku za mwaka mpya wa Songkran, katikati ya Aprili, kabla hajabadili mawazo. Na koo langu limekwisha.

Thongsai


Bangkok
Machi 22

Dada yangu,

Nimelia mpaka mama mwenye nyumba amekuja kuuliza nani amekufa. Nitakuja. Nina ruhusa ya siku nne, nimeipata kwa kugombana, maana mwenye senema mmoja wa huko kwetu amemwandikia bwana Sanoh kulalamika kwamba mwanamke mwovu wa filamu zake amekuwa muuguzi. Sasa kwenye kazi wananiita Mtakatifu wa Minyoo. Ahsante sana.

Lakini kuna jambo. Bwana Sanoh anatengeneza filamu ya sauti. Ya kweli, sauti inanaswa chumbani na kubandikwa kwenye mkanda, hakuna tena watu wa maikrofoni. Na mimi nimo, wa tatu kwenye bango, tena si mwovu, ni dada wa hospitali. Picha zinaanza Aprili 18, sauti tunanaswa Mei 12. Tangu mwaka jana nakwenda kwa bibi mmoja aliyewahi kukaa ikulu, ananifundisha kusema kama watu wa Bangkok. Ananiwekea penseli kati ya meno. Amenitoa ushamba wote kwenye ulimi, hata wewe usingenijua. Miaka tisa, Dada, nimetikisa midomo kama samaki. Nataka watu wanisikie.

Usikasirike kuhusu hao watu wa maikrofoni. Huko vijijini mtabaki miaka mingi.

Swali moja. Mama anaandika kwamba Phikun kila siku anauliza kama kikohozi changu kimepona. Kikohozi gani? Mimi sikohoi.

Bualoi


Ndani ya treni ya kurudi
Aprili 17

Thongsai,

Leo sikuamkii.

Nilifika na viatu vipya vya mtoto na mwanasesere. Phikun aliniona kutoka juu ya ngazi. Alicheka, Thongsai. Alishuka mbio mikono wazi, mimi nikapiga magoti kwenye vumbi, nikasema, "Phikun mwanangu, mama amekuja." Akasimama. Akanitazama kinywani. Kisha akapiga ukelele ambao mara nyingi nimejaribu kuuigiza na sikuwahi kuupatia, akakimbilia ghala la mpunga na kujifungia. "Si yeye," akawa anasema. "Huyu kachukua uso wa mama."

Unawajua majirani. Kabla ya jioni kijiji kizima kilikuwa kinasema nimeingiwa na pop, yule pepo anayekula maini ya watu, kwamba Bangkok wamejaa na mimi nimewaletea mmoja. Mama yangu mwenyewe, aliyenizaa, alikuwa anapiga jicho kwenye kivuli changu. Siku ya pili akaja mganga, mzee Chan, na sahani ya ini bichi la nyati, akaiweka mbele yangu, wakakaa kunitazama kama mate yatanitoka. Nimekaa sakafuni na nywele zangu za saluni, natazamana na ini, watu kumi na tano wananihesabia pumzi. Nikatapika. Wakasema vizuri, pop hatapiki, lakini wakanifunga nyuzi za pamba mikononi mpaka kwenye viwiko kwa kuwa hasara haipo.

Phikun alikuwa anachungulia kwenye tundu la ghala. Kila nilipofungua kinywa aliziba masikio. Siku ya mwisho nilikaa chini ya tundu hilo nikamwuliza, kwa upole wote nilionao, mama yako anasemaje basi? Akanionyesha. Alisema pole pole, kwa sauti nzito, "Phikun, umekula? Kalale, mwanangu," na katikati akakohoa.

Ulikuwa wewe. Wewe mtupu, mpaka pumzi. Nimekaa pale nikamsikia mwanangu akinifundisha mimi kwa sauti yako.

Ulimwambia nini?

Bualoi


Yasothon
Mei 3

Bualoi,

Nilipoipata barua yako Khon Kaen nilimwacha bwana Heng na gari lake na maneno yake, nikapanda basi. Nakuandikia kutoka nyumbani.

Nilimwambia hivi. Siku ile alipokataa kutoka, nilimwambia kwamba zamani mimi ndiye niliyekuwa namsemea mama yake, na nilikosea maneno, lakini kuanzia leo mama mwenyewe atasema kutoka Bangkok kwa waya. Nilikuwa nataka atoke nyumbani tu. Akatoka. Halafu, siku ya tatu, wewe ukiwa kwenye picha umekaa dirishani na huna la kusema, yeye akasimama kwenye mkeka akauliza kwa nguvu, "Mama, unaniona?" Watu mia tatu wakageuza shingo. Ningefanya nini? Nikajibu, nakuona. Akauliza unakula nini huko, nikamjibu. Tangu hapo kila onyesho alikuuliza na ulimjibu, na mwisho, kabla taa hazijawashwa, ulimwambia akalale. Wasemao njia ya mwongo ni fupi hawakuniona mimi. Yangu ilikuwa fupi zaidi, hatua ishirini, kutoka spika mpaka mkeka.

Nikuambie na jambo nililolificha, kwa kuwa umeshanichukia na sasa ni nafuu. Ningeweza kuukatiza mchezo huo na sikuukatiza. Mimi sikujaliwa mtoto. Siku tatu niliitwa mama mbele ya mji mzima, na hakuna aliyejua nilivyofurahi isipokuwa dereva. Nilitaka siku ya nne, nikataka na ya tano.

Jana nimemwambia ukweli. Nilikuja na maikrofoni na spika, nikamweka mbele yangu, nikasema kwa ile sauti huku anatazama midomo yangu. Sikumwachia pa kujifichia. Nilidhani atanipiga. Badala yake akasema, "Kumbe mama hajawahi kusema na mimi."

Nilizima maikrofoni, mdogo wangu, mimi ninayemjibia hata mbwa.

Sasa hataki mtu. Mimi ananiita Bibi wa Dawa. Kwenda Bangkok hataki kusikia, na Mama amekwisha kupeleka jina lake shule ya hapa, inafunguliwa tarehe 17. Njoo. Acha filamu uje, usije na viatu wala mwanasesere. Mimi kesho naondoka nisikuzibie njia.

Thongsai


Bangkok
Mei 8

Dada,

Siji.

Wewe unasema acha filamu kana kwamba unasema acha pilipili. Picha zangu zimeshapigwa zote, imebaki sauti. Tarehe 12, chumba kimoja, siku tatu. Nimemwomba bwana Sanoh anisogezee wiki moja. Amesema chumba kimekodiwa kwa siku, na kwamba midomo yangu anayo tayari kwenye mkanda, akikosa sauti atatafuta. Amesema bila hata kukasirika, alikuwa anakula tambi.

Nitakuja Juni. Asiponisubiri mpaka Juni basi kosa si langu peke yangu, ni la watu wengi, na wa kwanza ni mwenye maikrofoni. Ulikuwa na nchi nzima ya kuisemea, Thongsai, ukaona uchukue na huyu mmoja. Halafu unanitupia utasa wako nikuhurumie. Nakuhurumia, na hilo ndilo linalonikera zaidi.

Usiniandikie mpaka nikuandikie.

Bualoi


Yasothon
Juni 2

Dada Thongsai,

Nakuamkia.

Nipo nyumbani tangu Mei 11. Usiniulize ilikuwaje, mimi mwenyewe nilikuwa nakwenda kituo cha basi cha kwenda kwa yule bibi wa penseli, nikajikuta stesheni ya treni. Bwana Sanoh ametimiza neno lake, kuna msichana wa redio amenisemea sehemu yangu yote kwa siku mbili. Wanasema ana sauti nzuri sana. Filamu ikija Ubon utaniona, na hutanisikia.

Phikun alinipokea kwa kunitazama tu. Hakukimbia, kwa kuwa wewe ulishamtoa pepo kichwani, lakini hakunijibu. Asubuhi anakwenda shule, akirudi anakaa chini ya nyumba kwenye kitanda cha mianzi, ananipa mgongo. Mimi nakaa kwenye ngazi na kusema. Siku ishirini na moja nimesema, Dada, kuliko nilivyosema katika maisha yangu yote. Nimemweleza habari za visima, jinsi chini huwekwa magodoro. Nimemweleza habari za baba yake. Nimemweleza siku niliyomwacha, alikuwa amevaa nini na aliliaje, na kwamba basi lilipoondoka sikugeuka kwa sababu ningegeuka ningeshuka. Nilisema yote kwa ile sauti ya ikulu, maana nilidhani ndiyo nzuri niliyonayo. Mgongo haukusogea. Mama akawa anapita na kapu lake la wali wa kunata, ananitazama kama vile namwagilia jiwe.

Jana nikachoka. Nikamwambia Mama, kwa sauti ya kawaida, ile ya kwetu, kavu, inayopasuka juu, kwamba basi, nimeshindwa, nikaponde samaki wa kuvundika jikoni kama watu wengine na huyu mtoto akae na mgongo wake, ni mkaidi kama mama yake mkubwa. Nilisema hivyo kwa hasira. Nikainuka.

Nyuma yangu nikasikia, "Hiyo mbaya."

Nikauliza nini mbaya.

"Sauti hiyo, mama. Ni mbaya kuliko ile nyingine." Alikuwa amegeuka, amekunja uso kabisa, vidole karibu na masikio lakini hajaziba. Nikasimama pale sijui nikae au niende.

"Endelea," akasema.

Mdogo wako,
Bualoi